Foleni ya Vibarua wa Bustani

Nakumbuka asubuhi moja, mwanangu, nilipanda kutoka Namuwongo kwenda Old Kampala kutafuta kibarua, na mkononi nimeshika kofia ya baba. Nilikuwa msichana wa miaka kumi na tisa. Wanajeshi ndio waliokuwa wanatawala, sukari tuliionja kwa bahati, na baba alikuwa koplo wa polisi aliyekuja mjini kutoka kaskazini. Ofisi moja ya serikali ilikuwa inachukua vibarua wa kupanda maua na kukata nyasi kando ya barabara. Ile kofia niliichukua bila kumwambia. Nilijua watu wakiiona watanipisha.

Na kweli walinipisha. Siku hiyo walitakiwa vibarua saba, na wa saba kwenye foleni alikuwa Mama Furaha, mjane kutoka Kongo, mtoto mgongoni. Nikampita, nikamwonyesha nyapara kofia. Hata jina hakuniuliza, akanipa jembe. Mama Furaha hakunitukana. Alinitazama tu, akamkaza mtoto kwa kitenge, akaondoka.

Jioni nilirudi nyumbani naimba. Kumbe baba alikwenda kazini kichwa wazi, mkubwa wake akamfokea mbele ya wenzake! Nilipomweleza nilichofanya, hakunipiga.

"Hii kofia ni ya kuchunga watu," alisema kwa Kiswahili chake cha kambini. "Wewe umenyang'anya nayo mutu kazi. Kesho rudi. Simama nyuma kabisa."

Nikarudi, nikasimama nyuma kabisa, aibu imenijaa. Kwa kukosa la kufanya nikaanza kusoma karatasi iliyobandikwa ukutani. Ilikuwa ya Kiingereza, nami shuleni nilikuwa nimefika. Ilisema vibarua waandikwe kwa kufuata walivyofika, mtu asiombwe zawadi wala asipendelewe kwa jina la mkubwa, na atakayefanya kazi miezi mitatu mfululizo apewe barua ya ajira. Nikamnong'oneza aliyekuwa mbele yangu.

"Soma kwa sauti," akasema. "Sisi hatukujua."

Nikasita. Miaka ile mtu aliweza kuchukuliwa kwa neno moja tu mbele ya ofisi ya serikali, na nyumbani wasimwone tena. Lakini nikamwona Mama Furaha kule mbele, na mtoto wake. Nikasoma.

Mlango ukafunguka. Akatoka karani, mzee wa Kiganda mwenye tai.

"Nani anasoma tangazo langu?"

"Ni mimi, ssebo," nikasema, nikimwita bwana kwa lugha yake.

Akavua miwani. "Nnyabo, miezi yote hii nilidhani linasomwa na mijusi! Endelea. Nawe nyapara, lete daftari."

Mwanangu, hujasikia vigelegele! Wanawake walicheka mpaka wakashikana mabega. Mama Furaha akaandikwa wa kwanza. Nilipomfuata kumwomba msamaha, alisema, "Unasoma muzuri, dada, kuliko unavyopanga mustari," akanipa mtoto nimbebe huku akicheka. Mimi zamu yangu ilifika siku ya nne. Miezi mitatu ilipotimia kwetu sote tulipewa barua zetu siku moja, tukacheza juu ya nyasi tulizopanda wenyewe, wapita njia wakitushangaa.

Ndiyo maana nakuambia: kibarua cha serikali, hata cha siku moja, kina kanuni, na kanuni hizo ni zako kabla hujapewa jembe. Uliza watu wanaandikwaje. Usitie sahihi usichokisoma, na kila karatasi utakayopewa itunze. Mwandikishaji akikuomba kitu ili akuandike, usimpe. Nenda kwa aliye juu yake, na usiende peke yako. Nafasi ya mwenzako usiichukue, hata kama una mjomba mkubwa. Na kama umesoma, wasomee wengine.

Mungu akupe kazi ya halali, akupe na wenzako wa kucheka nao humo kazini. Ukizeeka kama mimi, pasiwe na mtu utakayemkwepa njiani kwa aibu. Amina.