Samli kwenye Stovu

Stovu ikiwaka vizuri ilikuwa na sauti kama mvua inayokuja kutoka mbali, ile unayoisikia upande wa mbugani kabla hujaiona. Mpaka leo nikisikia mvua ya namna hiyo naona moto wa buluu. Lakini siku ninayoisema haikulia hivyo. Ilikohoa.

Ngoja nianze na desturi, maana bila hiyo hutaelewa kwa nini nilikaribia kulia. Kule Nyanungu nilikoolewa, mwali hakuwa na moto wake. Alipika kwenye mafiga ya mama mkwe mpaka mwenyewe aseme basi, kawashe wako. Wengine walingoja mpaka mtoto wa pili. Mama mkwe wangu hakuwa mbaya, hapana. Ila nikitia chumvi, naye anatia. Nikisonga, anashika mwiko juu ya mkono wangu. Na mimi nimetoka Ikoma, Kikurya changu cha kuokoteza, nitamjibu nini?

Sasa mume wangu alikuwa mpishi wa mzungu mmoja wa kupima barabara. Mzungu alipohama akamwachia stovu ya mafuta ya taa, ya kupampu, shaba tupu, miguu mitatu. Iling'aa mpaka kuku wakawa wanakuja kujitazama. Mume wangu akanifundisha kuiwasha, akarudi kazini Tarime, nayo ikakaa darini kiangazi chote, juu ya joto la mafiga. Mama mkwe akaniambia, "Siku kitu hiki kikiivisha ugali wa nyumba nzima, utapika kwako. Kikishindwa, tusikisikie tena."

Nikaitoa uani asubuhi moja, mbali na paa la nyasi. Nikamimina spiriti kwenye kikombe chake chini ya kichwa, nikawasha, nikangoja kichwa kipate moto. Nikapampu. Mkono wa pampu ukaingia na kutoka bila ubishi wowote. Mara moto wa njano ukaruka, ukanilamba nyusi, ukafa.

Wifi yangu, dada wa mume, alikuwa anapeta wimbi pembeni. "Wifi, mbona anakohoa ng'ombe wako? Hebu mkamue!"

"Nyamaza wewe."

"Mimi nimenyamaza. Hiyo ni njaa inasema."

Nikaitikisa, mafuta yamo. Nikafungua pampu, nikavuta kijiti chake. Mwishoni kulikuwa na kipande cha ngozi kama kofia ya mtoto mchanga, kimekauka, kimejikunja, hakisukumi hewa tena.

Mama mkwe, aliyekuwa amekaa kando akisubiri kushinda, akainuka. Huyu mama, nilisahau kusema, alikuwa fundi wa kulainisha ngozi. Watu walimletea ngozi za kulalia hata kutoka ng'ambo ya mto. Akiona ngozi kavu alikuwa kama ameona mtoto hajaogeshwa.

"Nani ameinyima hii mafuta?"

"Mama, hiyo ni mashine."

"Mashine? Huyu ni ng'ombe."

Akachovya kidole kwenye kibuyu cha samli, akaanza kuisugua ile ngozi kwa gumba, polepole, akiimba puani, macho yako mbali. Nadhani stovu aliisahau kabisa. Harufu ya samli ikanifikia, nikajiona niko kwetu, mama anatupaka migongo mmoja mmoja, jua linaingia mlangoni. Hata wifi aliacha ungo.

Akanirudishia ngozi imelegea kama sikio la ndama. Nikairudisha mahali pake, nikawasha tena. Safari hii pampu ikawa ngumu, inanisukuma. Lakini moto ukatoka upande mmoja tu, wa njano, ukitema masizi. Tundu la kichwani limeziba, na sindano yake ya kuzibulia mume wangu amekwenda nayo.

"Tundu lenyewe likoje?" akauliza mama mkwe.

"Dogo, mama. Jicho la siafu."

Akaenda zizini kwa ng'ombe mzee. Tukamsikia, "Simama, bibi, hujaitwa shaurini." Akarudi na singa la mkia, unywele mmoja mgumu. Nikaacha kichwa kipoe, nikalipitisha tunduni, likatoka na masizi. Nikamaliza spiriti iliyobaki kwenye chupa, nikawasha, nikapampu, nikafumba macho.

Mvua ikaja.

Ulikuwa moto wa buluu, umekaa duara. Ugali wa wimbi ukaiva, wifi ameshikilia sufuria kwa matambara isitupindukie. Mama mkwe akamega, akachovya kwenye mboga, akatafuna muda mrefu.

"Hauna moshi," akasema. Kisha, "Lakini moto wako hauna mkaa. Vibuyu vya maziwa utasafishia nini?"

Nikageuka kutazama mafiga yake.

"Utakuwa unakuja kuchukua kwangu," akasema. "Kupika, pika kwako."

Wifi akacheka. "Mama, si ulitaka kishindwe? Mbona umekitengeneza mwenyewe?"

Mama mkwe akamtazama kama ameulizwa kitu cha kitoto.

"Ngozi ilikuwa kavu," akasema, akasogeza bakuli aongezewe mboga.