Sofa Iliyoitwa Mollify

Inatangazwa kwa heshima zote, na waliokaa wasimame: duka moja la samani lilikuwa na mtaalamu wa Kiingereza cha kizee, na kiti chake cha enzi kilikuwa meza ya malalamiko, kati ya makabati na choo cha wafanyakazi.

Wenzake walimwita Mama Pole. Kiingereza chake alikitoa kwenye kamusi kuukuu iliyoegemeza kitanda cha maonyesho chenye mguu mfupi. Saa ya chakula aliichomoa, akasoma ukurasa, akairudisha chini ya kitanda kabla hakijalala chali. Maneno matatu yalimkaa. Mollify: kumlainisha mtu aliyefura kwa hasira. Demure: mwanamke mwenye haya, macho chini, sauti chini, asiyemsumbua mtu. Remonstrate: kumpinga mkubwa usoni, kwa sababu na bila matusi.

"Hilo la tatu utalitumia wapi?" aliuliza mumewe, fundi bomba. "Wewe hata kuku akikudonoa unamwomba radhi."

"Nimeliweka akiba."

"Litaoza, mama watoto."

La kwanza alilitumia kila siku. Kando ya meza yake palikuwa na sofa laini kupita kiasi, ambayo hakuna aliyewahi kuinunua. Mteja aliyekuja anafoka alikaribishwa: "Pole baba, keti kwanza." Akikaa, anazama mpaka magoti yanakaribia masikio, na hakuna binadamu anayegomba vizuri akiwa hivyo. Kunyanyuka kulihitaji mkono wa Mama Pole, na mkono ulitolewa baada ya kuelewana. Sofa aliibatiza Mollify.

La pili lilimtumia yeye. Mkuu wa kitengo alikuwa mtu wa kusinzia, kazi akaifanya Mama Pole, na meneja akamlipa sifa za upole, ambazo hazinunui hata sabuni. Mkuu alipostaafu, Mama Pole alikitaka kile cheo mpaka akanunua viatu vipya. Aliyejua ni mumewe tu.

Asubuhi moja meneja akamwita ofisini. Katikati ya zulia ilikuwa imewekwa Mollify.

"Karibu mama yetu, pole na kazi. Keti kwanza."

Mama Pole akaitazama sofa kama mpishi anayekaribishwa ndani ya sufuria yake mwenyewe. "Nitasimama."

"Keti bwana, jisikie uko nyumbani."

"Nyumbani pia nasimama."

Shemeji wa meneja, bwana mmoja wa suti aliyesimama pembeni, akaona kiti kinakaa bure. Akaketi, akazama mpaka kwenye tai.

"Kwa kuwa wewe ni mtu wa busara," meneja akauambia ukuta, "cheo tumempa shemeji yangu huyu. Utamwelekeza."

"Napinga, bosi. Kazi naifanya mimi, wateja wananijua mimi, na yeye hata mlango wa stoo haujui. Kama cheo ni cha shemeji, basi na kelele ziwe za shemeji."

Mlango ukafunguka kwa kishindo. Mteja aliingia na ubao wa kitanda mkononi.

"Kimevunjika na mama mkwe wangu juu yake! Nani mkuu hapa?"

Meneja akaonyesha sofa. Shemeji akajisukuma mbele, akarudi. Akajisukuma tena, akarudi na kiatu kimoja.

"Mimi nina msiba, huyu anabembea?"

"Mama Pole, mtulize basi," meneja alinong'ona.

"Ana mkuu wake."

Ubao ukapanda juu.

"Haya, haya! Mkuu ni wewe!"

"Umemsikia, baba?" Mama Pole alimuuliza mteja.

"Nimemsikia!"

"Pole sana. Mama mkwe hajambo?"

"Hajambo, ila haongei na mimi."

"Kitanda kingine kinakuja leo, na godoro juu. Mwambie umemchagulia wewe."

Ubao ukashuka.

Papo hapo meneja akaita wafanyakazi wote, akapanda juu ya stuli, akatangaza zama mpya za huduma, akataja upeo, akataja kilele. "Na sasa," akamalizia, "mkuu wetu mpya atupe dira yake!"

"Mtoeni shemeji," alisema Mama Pole, "halafu sofa irudi mezani kwangu."