Mizizi Iliyofuliwa

Kuna watu wakikutendea wema, heri wangekuibia. Mama Vyungu aliyasema hayo uani, kwa sauti iliyovuka ukuta hadi kwa majirani, huku ameushika mti wake wa bluberi shingoni kama kuku wa kuchinjwa. Mizizi ilikuwa inaning'inia mitupu, safi, inanukia sabuni ya unga.

"Umeifua, wifi! Mizizi umeifua!"

Dobi, dada wa marehemu mumewe, alikuwa bado na povu viwikoni. "Ilikuwa na kuvu. Nyuzinyuzi kabisa! Mti wa kaka yangu nitauacha uoze? Nimekununulia na chungu kipya, nikasema ukirudi sokoni ufurahi. Kumbe shukrani ya punda ni mateke."

"Udongo wake uko wapi?"

"Nimetupa. Gari la taka limeshapita."

Hapo Mama Vyungu alikaa chini, pale pale kwenye sakafu yenye maji. Alikuwa na hasira, na mimi simlaumu hata kidogo. Jina lake alilipata kitaluni, alikozeekea akijaza udongo kwenye vyungu vya miche, na mumewe akikata vitawi vya bluberi na kuviotesha. Pale kulikuwa na sheria moja ambayo hata mfagizi aliijua: mche wa bluberi hauhamishwi bila konzi ya udongo kutoka kwa mama yake. Mizizi ya bluberi ni laini kama nywele za mtoto mchanga, na hupenda udongo mchachu usio na chakula cha kuokota. Kinachoilisha ni kuvu. Nyuzi zake huingia ndani ya mizizi, zikatambaa udongoni kutafuta riziki na kuileta nyumbani, na mti nao huilipa kwa sukari. Ukiitenganisha ndoa hiyo, usije ukalia mti ukikonda.

Na konzi nyingine ingetoka wapi? Mwenye kitalu aliuza ardhi yote. Udongo ulioiva kwa miaka ukafukuliwa na greda kwa asubuhi moja, juu yake pakamwagwa zege ili watu wapate pa kuegesha magari! Mumewe alikuwa ameshafariki, na labda ni heri hakuyaona. Mama Vyungu alitoka getini na mti mmoja tu, wa mwisho kuoteshwa kwa mkono wa mumewe, akaja nao kuishi kwa wifi yake.

Sasa wifi mwenyewe ndiye huyo. Maisha yake yote adui yake mkubwa ni kuvu: vidoa vyeusi kwenye shuka za nyumba za wageni, kwenye mapazia, kwenye makoti ya watu. Kaka yake alipozikwa, alifua nguo zake zote, akazipiga pasi, akazigawa. Buti zake za kazini hazikuonekana tena. Mama Vyungu aliamini nazo ziligawiwa, akalimeza donge lile bila kuuliza. Siku ya mizizi lilipanda lote.

"Kikulacho ki nguoni mwako," alisema, "na mimi nguo zangu unafua wewe."

Dobi akaenda zake chumbani, akabamiza mlango.

Mama Vyungu aliusuuza ule mti, akaupanda kwenye mchanganyiko wa majani makavu ya msonobari na unga wa mbao, akaungoja. Majani yakaanza kuwa mekundu pembeni. Chipukizi hata moja halikutokeza. Kila asubuhi aliuchungulia, kisha akapita mbele ya wifi yake bila salamu. Chai kila mtu alijipikia, sukari ikafichwa, na sufuria zikawa zinawekwa mezani kwa kishindo.

Siku moja Dobi alimkuta anaokota majani yaliyodondoka.

"Ni udongo gani hasa unaotakiwa?"

"Wa kitaluni. Nenda kavunje zege."

Dobi aliingia chumbani, akasikika akivuta kitu chini ya kitanda. Alirudi na mfuko, akautua mezani. Ndani mlikuwa na buti za kaka yake. Matope ya kitaluni yalikuwa yamegandamana kwenye nyayo na kwenye mishono, pamoja na vipande vya mizizi myembamba ya bluberi.

"Ulizificha!" Mama Vyungu alisimama. "Muda wote huu mimi nalia, wewe umezilalia!"

"Nimezificha, ndiyo. Shuka za mji mzima nimefua, wifi. Hizi kila nikizitia kwenye beseni, mikono inakataa. Ndiyo matope yake ya mwisho."

Mama Vyungu alitamani kumzaba kofi, na alitamani kumkumbatia. Hakufanya lolote kati ya hayo. Alitandika gazeti, akaleta kijiko. Dobi akakishika kwanza.

"Lete, nikwangue mimi," alisema, na machozi yakamtoka.

Walilikwangua buti la kushoto hadi likabaki ngozi tupu, wakauzika ule udongo taratibu shinani mwa mti, wakaunyunyizia maji ya mvua. Dobi akanyoosha mkono kulichukua la kulia.

"Liache," Mama Vyungu alisema. "Na usidhani nimeshakusamehe."

Alilifunga lile buti kwenye mfuko pamoja na matope yake, akaenda mwenyewe kulirudisha chini ya kitanda cha wifi yake.