Wiki Ambayo Baba Alikataa Sombe

Jumamosi iliyopita nilisimama kwenye uwanja wa shabaha nje ya Stockholm, manyunyu yakinipiga usoni, nimevaa koti la zamani la Baba ambalo mikono yake hunifika kwenye kucha. Mtahini, mzee mwenye nyusi nyeupe, alinyoosha kidole kuelekea kilima kidogo. Juu yake palikuwa na sanamu ya älg, yule mnyama wa huku wa jamii ya kulungu, mrefu kuliko farasi na mwenye pembe pana kama masinia. Akaniuliza swali moja tu: "Huyo hapo. Unapiga?"

Nikacheka. Jamani, nilicheka mbele ya mtahini, tena katika mtihani wa wawindaji ambao ukianguka unarudi nyumbani kuanza upya. Nivumilie, rafiki yangu, nikueleze kilichonichekesha, ndipo nikuambie nilijibu nini.

Nilikuwa na miaka kumi na mmoja. Tulikaa Rågsved, kitongoji cha Stockholm, ghorofa ya tatu, dirisha la jikoni likitazama reli, na kila treni ilipopita vikombe vya Mama viligongana kabatini. Mwaka ule Koko alikuwa amefika. Sisi watu wa Kivu nyanya tunamwita Koko. Alikuja baada ya miaka ya kambi na makaratasi, akavuliwa viatu mlangoni, akakalishwa kwenye kiti karibu na radieta ya kupasha nyumba joto, na kuanzia hapo akaacha kula. Si kwamba alisusa. Aliketi mezani, akashukuru Mungu kwa sala ndefu kuliko chakula chenyewe, kisha akaigeuza nyama ya dukani kwa kijiko, akainusa, akairudisha. "Hii nyama haiyakimbia hata siku moja," alisema. Mama alibadilisha duka, akabadilisha viungo, akabadilisha sufuria. Koko alizidi kupungua ndani ya vitenge vyake, na Baba akawa haangalii tena sahani yake mwenyewe, anaangalia ya mama yake.

Aliyetuokoa ni jirani wa ghorofa ya chini, Mswidi mzee aliyeishi peke yake na mbwa mwenye masikio marefu. Alikuwa mwindaji. Siku moja alipanda ngazi polepole, mkono mmoja kwenye goti, akampa Mama pande la nyama ya älg iliyoganda, limefungwa kwenye gazeti. Koko aliinuka mwenyewe akaenda jikoni. Aliikaanga kwa vitunguu, nyanya na pilipili moja nzima, harufu ikajaa hadi kwenye ngazi, na akala sahani mbili. Baba alisimama mlangoni na sare yake ya kazi, akimtazama tu. Nilimwona akijifuta macho kwa kofia.

Koko alipomaliza, aliuliza, "Nani aliua?"

"Jirani," Baba akajibu.

"Aksanti kwake. Lakini nyama ya jirani unakula mara moja. Ya pili iwe ya mutoto wako." Akanyonya mfupa, akaongeza, "Baba yako angeisha kuwa mu pori."

Maskini Baba! Babu alikuwa mwindaji, naye Baba alikuwa anasafisha treni. Siku ileile alishuka kwa jirani, nami nyuma yake, maana Kiswidi chake kilimtosha kazini lakini si kwenye mambo ya moyoni. Jirani alituandalia kahawa, akatuambia kwamba magoti yake yalikuwa yamebakiza msimu mmoja tu. Kikundi chake cha uwindaji kilimruhusu aje na mtu wa kuketi naye vuli ile, mtu ambaye baadaye angerithi nafasi yake. Lakini mtu huyo awe na mtihani na kadi ya serikali kabla majira ya joto hayajaisha. La sivyo nafasi ingekwenda kwa mwingine, na walioisubiri walikuwa wengi.

Baba alidhani kinachotakiwa ni msitu, bunduki na ujasiri. Jirani akacheka, akaenda chumbani, akarudi na kitabu kinene. Kwanza, alisema, mtihani wa maandishi: wanyama, majira, sheria, usalama. Halafu mtihani wa vitendo: kubeba bunduki, kukisia umbali, kulenga shabaha. Ukifaulu yote unalipia jaktkort, yaani kadi ya uwindaji ya serikali, na unailipia upya kila mwaka. Ukitaka bunduki yako kuna ruhusa ya polisi, na kabati la chuma la kuifungia. Kwa hilo la mwisho Baba asingekuwa na haraka, maana sheria ilimruhusu kutumia bunduki ya jirani mradi jirani mwenyewe yuko kando yake.

Basi ikawa kila jioni baada ya chakula Mama anafuta meza, mimi nafungua kitabu. Nilisoma Kiswidi, nikakigeuza Kiswahili, na neno likinishinda Baba alilikamata kwa Kifaransa. Mikono yake ilinukia sabuni ya treni. Tulijifunza kumtofautisha bata huyu na bata yule kwa rangi ya bawa, na nani anaruhusiwa kuwindwa mwezi gani. Koko, aliyekuwa akichambua mchele hapo pembeni, hakuamini masikio yake.

"Hata bata wa huku ana kongé?"

"Ana likizo, Mama," Baba akasema. "Wakati wa kutaga hakuna mutu anamugusa."

"Basi anakushinda weye. Weye hauna."

Tulicheka mpaka jirani akagonga dari kwa ufagio, kisha yeye mwenyewe akapanda kuuliza tunachekea nini.

Mtihani wa maandishi Baba aliupita mara ya kwanza. Ule wa vitendo ulifanyika Jumamosi, jirani akatuchukua kwa gari lake lililonuka mbwa. Baba alibeba bunduki kama ilivyoandikwa. Alikisia umbali hadi wenzake wakageuka kumtazama, maana tangu utotoni alipima milima kwa miguu. Alipiga shabaha vizuri. Kisha mtahini, mzee wa kichwa cheupe kuliko hata jirani, akamwonyesha sanamu ya älg juu ya kilima, akamuuliza kwa upole, akitabasamu: "Huyo hapo. Unapiga?"

Baba akainamisha kichwa kidogo. "Ja," akasema. Ndiyo.

Akaanguka. Nyuma ya älg yule hapakuwa na kitu ila mbingu. Risasi haijui mnyama ameishia wapi, inaendelea, na nyuma ya kilima anaweza kuwapo mtu. Mwindaji hapigi mpaka aone ardhi ya kuipokea risasi yake. Ukurasa ule tuliusoma mara tatu, na Baba aliweza kuusema kwa moyo. Hilo ndilo lililoniuma.

Tulikuwa garini, ghorofa za Rågsved zimeanza kuonekana. Jirani akamuuliza kilichotokea, nami nikatafsiri.

"Sasa mi ningemujibu je?" Baba akasema. "Muzee wa watu amesimama pale na mvua, ananionyesha nyama kwa mukono wake. Nimukatalie? Mbele ya watu?"

Jirani alipoelewa, alilisimamisha gari kando ya barabara ili acheke vizuri. Lakini hakucheka muda mrefu. Alisema nafasi ya kurudia ilikuwa baada ya siku kumi, na baada ya hapo majira ya joto yangekuwa yamekwisha.

Usidhani Baba alikuwa mjinga. Kwetu mkubwa hakataliwi usoni. Akikupa kitu unapokea kwa mikono miwili, akikuambia jambo unaitika, na kama hukubaliani unatafuta shangazi akusemee kesho yake. Heshima hiyo ilikuwa imekaa mwilini mwa Baba, na kitabu chetu kinene hakikuwa na ukurasa wa kuitoa.

Koko alisikiliza habari nzima. Kisha akaniagiza nimletee mkongojo wake, akaketi katikati ya sebule, akaita, "Mutoto wangu, kuja hapa. Ile meza ni mnyama. Piga."

Baba akasimama mbele ya mama yake na ufagio begani. "Mama..."

"Nasema piga!"

"Ndiyo, Mama."

Mimi na Mama tulianguka kwenye kochi kwa kicheko. Koko hakucheka. Alisema dawa ya ugonjwa huu ni tumbo, na kesho yake akaanza kutwanga. Kinu alikiweka juu ya blanketi lililokunjwa mara nne ili jirani asisumbuke, na twii, twii, majani ya muhogo yakalainika. Akaipika sombe kwa mawese na samaki mkavu, kama Baba alivyoipenda tangu hajaota meno, akampelekea sahani kwa mikono yake yote miwili.

"Kula, mwanangu."

Baba alitakiwa kukataa. Siku ya kwanza alikula yote. Siku ya pili alisema hapana kwa sauti ya mgonjwa, kisha akala. Siku ya tatu alisema hapana akakimbilia bafuni, na kupitia mlango tulimsikia akimwomba Mungu msamaha. Koko akamfuata. "Usikimbie! Simama, niangalie, sema." Mimi nilikuwa upande wa Koko, nikipaza sauti kwa Kiswidi kama watoto wa huku: "Men säg nej då, pappa!" Yaani, sema hapana basi, Baba! Siku ya tano akasimama wima, akamtazama mama yake machoni, akasema, "Hapana, Mama. Sitakula." Akaenda kulala na njaa. Koko alirudi jikoni, akaniita nishike taulo, akalia kidogo. "Sijazoea," akaniambia. "Lakini mutoto anayekuzuia usianguke mu shimo, huyo hajakosa adabu."

Kwenye mtihani wa marudio mtahini alikuwa yuleyule, na kilima kilekile. "Unapiga?"

"NEJ!" Baba alinguruma hadi kunguru wakaruka. Kisha haraka, akiinama, "Förlåt," samahani. Mzee yule alicheka akatia sahihi. Kadi ilipofika kwa posta, kikaratasi chepesi tu, Koko aliilaza ndani ya Biblia yake usiku mmoja kabla ya kumrudishia mwenyewe.

Siku ya uwindaji Baba aliondoka na jirani kungali giza, chupa ya chai mfukoni. Koko alisafisha sufuria asubuhi, akaisafisha tena mchana. Jioni walirudi. Jirani ndiye aliyeingia wa kwanza, akishika ukuta, na mfuko wa nyama mkononi. Nyama ile ilikuwa fungu la Baba, maana kikundi kiligawana sawa. Älg alikuwa amepigwa na mwenzao mwingine. Koko akautazama mfuko, akamtazama mwanawe, na Baba akaangalia chini.

Jirani akavua kofia, akaniomba nitafsiri kila neno. Alisema asubuhi ile älg dume alitokea juu ya kilima, mbele yao. Macho yake ya uzee yaliona pembe tu. Ulikuwa msimu wake wa mwisho na moyo ulimpanda, akamnong'oneza Baba: piga. Baba akasema hapana. Akamwambia tena, mara hii kwa ukali: piga! Baba akaishusha bunduki, akasema hapana. Mnyama akaondoka zake. Muda si muda, nyuma ya kilima kilekile akachomoza mwenzao wa kikundi na mbwa wake, kizibao cha rangi ya chungwa kikiwaka, akiwapungia mkono.

Jirani akanigeukia. "Mwambie mama yake," akasema, "mwanawe alinikatalia. Mara mbili."

Nikamwambia. Koko akauchukua ule mfuko kwa mikono miwili.

"Mwambie asisikie vibaya," akasema. "Hata mimi alinikatalia sombe."

Alikula sahani tatu jioni ile, akasema nyama hii imekimbia, na mwanawe ameileta. Jirani alikula naye sahani moja, akitokwa na jasho la pilipili, akikataa maji kwa heshima.

Leo ukipanda ngazi zile hutasikia kinu. Jirani alitutoka, na Koko akamfuata baada ya miaka michache, mnene wa kupendeza. Nyumba yetu ina watu wengine, mimi naishi Sundbyberg, na sombe tunainunua Rinkeby ikiwa imegandishwa kwenye pakiti. Hata kadi siku hizi ni picha kwenye simu, huwezi kuilaza ndani ya Biblia ya mtu. Vitu hivyo navikumbuka kwa kicheko zaidi kuliko kwa machozi, lakini navikumbuka kila siku. Magoti ya Baba sasa ndiyo yanayolalamika, na nafasi yake kwenye kikundi inamtaka mtu.

Ndiyo maana nilicheka Jumamosi. Kisha nikamtazama mtahini machoni nikasema hapana, sipigi, nyuma yake ni mbingu tupu. Sauti ilikuwa imara. Magoti ndiyo yaliyojikunja kidogo yenyewe, kama ya binti anayemwamkia mkubwa.

Nilipotoka uwanjani nilimpigia Baba.

"Alikuuliza?"

"Aliniuliza."

"Ukasema je?"

"Nilimkatalia, Baba."

Nikasikia mfuniko wa sufuria ukiwekwa mezani, polepole.

"Basi kuja kula. Nimepika sombe," akasema. "Mimi usinikatalie."