Mafiga na Sanduku Zito

Mtaani walimwita Mafiga, maana alikuwa watatu katika mwili mmoja: anaigiza filamu, anaziandika, anaziongoza. Alianza kwa kucheza maiti. Alikufa vizuri mpaka nzi wakaja kuhani, na mpita njia mmoja akauliza kaburi linachimbwa wapi. Akachoka kufa ukurasa wa kwanza, akashika kalamu akajipa uhai mpaka mwisho. Waongozaji wakamkatia maneno yake. Akanunua kofia, akaongoza mwenyewe.

Kofia hiyo ndiyo iliyowaokoa wenzake. Ikitazama mbele, ni mwongozaji, mtiini. Ikigeuzwa kisogoni, ni mwandishi, msimsemeshe. Akiivua, ni mwigizaji, mwacheni alie. Lakini kichwa kilikuwa kile kile, na mshika mawili moja humponyoka, sembuse matatu?

Siku hiyo walirekodi sebuleni kwake, kochi lake, mapazia yake. Mke anamkimbia mume: ndicho kisa chenyewe. Mwigizaji wa kike aliugua, akaombwa mkewe Mafiga, fundi aliyewashonea mavazi.

"Maneno haya nayajua," alisema mama watoto akiisoma karatasi. "Nilikwambia jikoni wiki iliyopita."

"Ndiyo uzuri wake, mke wangu. Yanatoka moyoni."

"Moyoni mwa nani?"

Mafiga akacheka, akavua kofia, akawa mume. Mkewe akayasema yote bila kukosea: kwamba nyumba hii hana hata pa kununia, maana akinuna tu, mumewe huchukua kalamu. Akanyanyua sanduku, akatoka. Mafiga akalia mpaka kamasi. Kisha akavaa kofia.

"Kata! Safi sana! Rudi turudie, mama. Sanduku umelibeba kama zito mno, watu hawataamini."



Akachungulia dirishani. Mkewe anayoyoma barabarani, sanduku limemvuta bega. Akakimbilia chumbani, akafungua kabati: upande wa mkewe, mweupe pe.

"Bosi, mbona harudi?" aliuliza mpiga picha. "Tumekata au hatujakata?"

Mafiga akavua kofia, akaivaa, akaigeuza. Kati ya wale watatu hakuna aliyejua. Akaitupa kochini, akatoka mbio na soksi.

"Mama watoto! Ngoja!"

"Nani ananiita? Anayeandika, anayeongoza au anayelia?"

Akafungua mdomo. Maneno yote matamu alikuwa ameshayamalizia kwenye filamu.

"Sijui," alisema. "Haki ya Mungu, sijui."

Mkewe akamtazama, toka soksi zenye vumbi hadi kichwa kitupu.

"Huyu angalau hajaandika kitu. Haya beba, bega linaniuma."

Akabeba. Mke mbele, yeye nyuma, sanduku likimgonga goti. Mpaka wanafika kwenye kona hakujua kama wanazunguka kurudi nyumbani au anamsindikiza kwao, na safari hii akaogopa kuuliza.