Jeraha Lililoanguka Bombani

Naandika haya uso bado ukiniwaka, na nikimaliza nitalificha daftari pengine, maana chini ya godoro hapafai tena (karibu mtaa wetu wote wa Jericho sasa unajua ndipo linapolala).

Chanzo ni Anti Njeri, dada yake baba, aliyekuja kukaa kwetu akisema anapiga taipu ofisini. Mimi siongei sana, lakini macho ninayo. Tangu lini mpiga taipu akatoka nyumbani na sanduku la bati lenye kufuli, akarudi na vidole vyekundu? Nilipomuuliza mama akanijibu, "Wewe soma vitabu vyako." Basi nikawa naandika kila kitu. Jana akaja mwanamume mrefu, wakajifungia chumbani, na alipotoka (nilikuwa nyuma ya pazia, Mungu anisamehe) shavu lilikuwa limepasuka, damu inatiririka, na Anti anacheka!

Leo Jumamosi, mama akiwa sokoni, yule mwanamume akarudi tena, uso mzima, hata alama hakuna. Baada ya nusu saa akatoka amepasuka palepale. Jamani, nani hupasuka kila siku? Ningenyamaza kama kawaida yangu, lakini nikaenda kwa jirani, Mama Otieno, nikamnong'oneza kwamba kwetu kuna jambazi anatibiwa kisiri.

Mama Otieno hajui kunong'ona. "Mwiziii!" Kabla sijameza mate, akina mama wametoka na miiko, fundi viatu na nyundo yake, na yule bwana akazingirwa kwenye bomba la maji, akashikwa kola, akamwagiwa ndoo nzima ya maji ya sabuni, na lile jeraha likateleza likaanguka chini kama ganda la ndizi.

Mtoto mmoja akaligusa kwa kidole cha mguu. "Ai! Kumbe linatoka?"

Anti akaja mbio. "Msimpige! Ni mwigizaji wa televisheni! Mimi ndiye ninayempaka!"

Halafu akaketi pale bombani akalia. Mzungu aliyemfundisha kupamba waigizaji amerudi kwao, na hii ndiyo kazi yake ya kwanza peke yake; ile taipu ilikuwa ya kutuficha hadi aone kama itashika. Gari la filamu liko njiani, na mchezo wa leo unaendelea ulipoishia jana, kwa hiyo jeraha lazima lifanane na la jana hadi tone la mwisho, la sivyo kazi atapewa mwingine. Akatoa kwenye mfuko wa shati la yule bwana karatasi alipolichora jeraha la jana. Wino umekuwa uji.

"Matone yalikuwa matatu au manne?"

"Dada, mimi nilikuwa sijioni," yule bwana akajibu.

Nikasema kwa sauti ya mbu, "Matatu. La mwisho chini ya sikio."

Wote wakageuka. "Umejuaje?"

"Niliandika."

Nikatumwa daftari, na watoto wakanifuata hadi chini ya godoro. Nilitaka kumsomea Anti sikioni, lakini mikono yake ilikuwa imejaa gundi na rangi za lile sanduku la bati, na Mama Otieno akapaza, "Sauti, mtoto, hatusikii!" Basi nikasoma: "Jeraha linaanza kwenye mfupa wa shavu la kushoto, upana wa njiti ya kiberiti, linapinda karibu na mdomo..." Anti anapaka, mimi nasoma, na kwa haraka sikujua pa kusimama, nikaendelea tu: "Nadhani Anti ni mke wa jambazi. Nitamwambia Mama Otieno, maana mdomo wake haufungwi hata na gundi."

Fundi viatu alicheka hadi akakaa chini. Mama Otieno, kwa mara ya kwanza tangu tuhamie hapa, hakusema neno.

Gari likafika. Msimamizi akamshika yule bwana kidevu, akamgeuza kushoto, kulia. "Sawasawa na jana," akasema. Anti akaniita kabla ya kupanda. "Jumamosi ijayo tunaenda wote kwenye filamu. Njoo na hilo daftari."

Hakutabasamu. Sijui ni zawadi au anataka kunichunga. Safari hii sitajificha nyuma ya pazia, nitamuuliza mwenyewe. Na nikiambiwa tena nisome mbele za watu, naapa nitaishia kwenye nukta.