Kamba ya Shimo la Kumi na Saba

Saiti nzima ilimwita Mama Kamba, na mwanzoni hawakumwita hivyo kwa heshima. Alikuwa mtunza stoo kwenye ujenzi wa wodi ya serikali: anahesabu saruji, anagawa makoleo, anamgombeza kila anayerudisha ndoo yenye zege lililoganda. Shule aliishia darasa la saba. Lakini hakuna shimo la nguzo lililomwagiwa zege kabla yeye hajashusha kamba mpaka chini, akaikata usawa wa ardhi, akaifungia kipande cha mfuko wa saruji chenye namba ya shimo. Hapo anamfuata mkaguzi wa serikali, kalamu mkononi.

"Baba, saini hapa."

Aliyemfundisha ni mama yake, fundi cherehani asiyejua kusoma, aliyepima wateja kwa uzi na kufunga fundo penye kiuno. "Karatasi inafutika," bibi yule alikuwa akisema. "Uzi haujui kujipendekeza."

Kamba sitini na mbili zikakaa kwenye debe chini ya kitanda.

"Mke wangu," mumewe alimtania, "siku ukifa tukuzike na debe lako?"

"Nizikeni nalo. Ila mpime shimo kwanza, wachimbaji wa siku hizi wavivu."

Kisha barua ikaja: mkataba umevunjwa. Serikali ilisema mkandarasi kachelewesha kazi. Mkandarasi akasema kachelewa kwa sababu hajalipwa. Katikati yao wamebanwa mafundi ishirini na tisa, na Mama Kamba wa thelathini, miezi minne bila mshahara. "Serikali ikinilipa, nawalipa," mkandarasi akawaambia. Serikali nayo ikajibu kwamba mashimo ya nguzo hayafiki kina kilichodaiwa, kwa hiyo hailipi mpaka ihakikishe. Nani angebisha? Zege limeshafunika kila kitu, na mkaguzi aliyeyaona kwa macho yake alikuwa kaburini.

Siku ya kupima upya, Mama Kamba aliingia saiti na debe kichwani. Mkandarasi alipoona kilichomo, uso ulimchanua, kisha ukanywea. Akamvuta nyuma ya stoo.

"Dada yangu, umeniokoa! Ila ile ya kumi na saba... iache humu ndani ya debe."

Mama Kamba alijua anachoogopa. Shimo la kumi na saba liligonga mwamba, likaishia futi nne, na mengine yote ni futi sita. Kwenye madai mkandarasi aliliandika sita kama mengine.

"Ukiitoa wataniita mwizi, tukose sote. Hebu wafikirie wenzako!"

"Nimewafikiria usiku kucha. Ndiyo maana nimezileta zote."

Akatoka nyuma ya stoo na debe lake. Mafundi ishirini na tisa walisimama wakimtazama, na miongoni mwao alikuwa shemeji yake mwenye watoto watano.

Mhandisi wa serikali alichungulia debe, kofia yake mpya haina hata tone la saruji. Akacheka.

"Mama, hizi si za kuanikia nguo?"

"Cheka ukimaliza, mwanangu. Anza na hii." Akamwekea mkononi ile kamba fupi. "Hapa tulikuta mwamba. Futi nne. Anayekwambia sita anakuongezea mbili."

Mkandarasi akaanza kuvichunguza viatu vyake kama vya kuazima.

Wakachimba pembeni ya nguzo. Kwenye futi nne sururu ikalia *ngwe!* juu ya jiwe. Mhandisi akashusha kamba, ikafika sawasawa. Hakucheka tena. Akachagua mwenyewe shimo la arobaini, kisha la hamsini na nane. Futi sita, na sita tena. Akasoma saini ya marehemu kwenye kila kipande, akavua kofia.

"Mtu wa kunidanganya," akasema polepole, "asingeniletea hii fupi."

"Sasa umeelewa."

Akapunguza kwenye madai futi mbili za shimo la kumi na saba, akakubali mengine yote, na kwenye karatasi ya malipo akaandika mishahara itoke kwanza. Shemeji mtu akatupa kofia juu, ikanasa kwenye nondo.

"Mama, naomba hii kamba fupi niiweke kwenye faili," mhandisi akasema.

"Hiyo haitoki kwenye debe." Akakata nyingine ya kipimo kilekile, akampa, akachomoa kalamu. "Saini hapa kwamba umepokea."

Akasaini.

Wiki ya sita mishahara ilitoka. Mkandarasi mpya alipokuja kumalizia wodi, mafundi walimwambia neno moja tu: hawamwagi zege mpaka Mama Kamba apite. Leo madebe ni matatu, na mumewe amekiinua kitanda kwa matofali.